Ziwani kwa Kamera Ndogo: Dar hadi Ukerewe, Nyuma ya Hubert Sauper

Simulizi hii imepangwa baada ya kurudi Dar es Salaam, kutokana na daftari la mtu wa sauti, majina ya klipu na picha za simu. Kikosi kilikuwa cha watu watatu: mwongozaji, mpiga picha na mtu wa sauti. Kazi ilikuwa kurekodi hali ya uvuvi wa Ziwa Victoria mwaka 2025, na kupita kwenye nyayo za filamu ya makala iliyoitangaza Mwanza duniani kuliko nyingine yoyote, Darwin's Nightmare ya mwaka 2004. Aliyeitengeneza ni Hubert Sauper, Mwaustria aliyezaliwa Tirol mwaka 1966 na kuhamia Ufaransa. Anayetaka kufanya filamu za siasa na jamii ana mengi ya kujifunza kwake, katika aliyoyafanya na katika yaliyowakuta watu baada ya yeye kuondoka.

Jumapili, 17 Agosti. Dar hadi Dodoma

Treni ya SGR, reli ya kisasa, kutoka Stesheni ya Magufuli. Nauli ya treni ya kawaida ilipotangazwa mwaka 2024 ilikuwa 31,000 hadi Dodoma. Treni ya haraka ni zaidi. Jina kwenye tiketi lazima lifanane na kitambulisho herufi kwa herufi, na mizigo yote hupita kwenye mashine ya ukaguzi, kwa hiyo fika saa moja na nusu kabla. Vifaa vya kamera huzua maswali. Orodha iliyochapwa yenye jina la kifaa na namba yake ya kiwandani ilimaliza mazungumzo kwa dakika tano. Mwenzetu mmoja wa foleni aliyekuwa na kamera bila karatasi aliachwa bado anajieleza.

Betri za lithiamu zibebwe mkononi, ncha zimefunikwa kwa tepu. Kwa treni si sharti kali, ila kama utarudi kwa ndege, betri ya zaidi ya saa-wati 100 itahitaji kibali cha shirika, na haiingii kwenye mzigo wa chini kabisa. Nunua ndogo tangu mwanzo.

Jumatatu, 18 Agosti. Dodoma

Siku ya barua. Kibali cha Bodi ya Filamu kilikuwa mkononi tangu Dar, lakini kibali cha taifa hakikupi mlango wa kijiji. Ngazi ni hizi: barua kwenda mkoani kwa Katibu Tawala, mkoa unaandika wilayani, wilaya inaandika halmashauri, halmashauri inamwandikia mtendaji wa kata, kisha mwenyekiti wa mtaa au kijiji, na kwa ziwani unaongeza uongozi wa kikundi cha usimamizi wa fukwe, BMU. Kila ngazi inataka nakala yake yenye muhuri wa ngazi ya juu. Tulipiga nakala 15 za kila ukurasa na zilitumika zote isipokuwa mbili. Ofisi nyingi zilikuwa kwenye pilikapilika za uchaguzi wa Oktoba, hivyo barua ya asubuhi ilitoka alasiri.

Droni tuliiacha nyumbani kwa makusudi. Inahitaji usajili wa Mamlaka ya Usafiri wa Anga na idhini ya upande wa ulinzi, na Mwanza ina uwanja wa ndege, bandari na maeneo mengine nyeti. Picha moja ya juu haistahili kusimamisha kazi nzima kituoni.

Chakula: wali na mbogamboga karibu na soko la Majengo, 4,000. Chumba 35,000.

Jumanne, 19 Agosti. Dodoma hadi Mwanza

Basi la alfajiri, karibu kilomita 700 kupitia Singida, Nzega na Shinyanga. Njia ni ya lami na mengi yake hayana la kusimulia. Baada ya Igunga tairi la nyuma lilipasuka, tukakaa kando ya barabara zaidi ya saa mbili kwa sababu jeki ya basi ilikuwa imekufa. Dereva wa lori la pamba alisimama bila kuitwa, akashusha jeki yake, akavua shati na kulala chini ya basi mwenyewe. Alipopewa pesa alisema, "Hiyo kanywe soda na abiria," akaondoka. Kamera haikuwashwa. Kuna saa mtu anatakiwa ashike spana, na ile ilikuwa mojawapo.

Tuliingia stendi ya Nyegezi usiku. Bajaji hadi Kirumba 10,000 kwa sababu ya mizigo. Mchana ingekuwa nusu yake.

Jumatano, 20 Agosti. Mwanza, ofisini

Mkoa, kisha Ilemela, kisha kata ya Kirumba. Afisa mmoja, mtu mzima, alisoma barua hadi mwisho ndipo akauliza: "Hii si kama ile ya mapanki?" Alimaanisha Darwin's Nightmare, yenye picha za mapanki, mifupa ya sangara inayobaki viwandani. Swali hilo litakufuata popote ziwani ukiwa na kamera, na inafaa uwe na jibu lenye ukweli wote ndani yake.

Ukweli wenyewe ni huu. Mwaka 1997 Sauper alikuwa kwenye kazi iliyozaa filamu yake ya Kisangani Diary, ya mwaka 1998, juu ya wakimbizi wa Rwanda walionaswa kwenye misitu ya Kongo kusini mwa Kisangani. Katika safari hizo aliona ndege mbili kubwa za mizigo pamoja: moja imeleta tani 45 za njegere kutoka Marekani kwa ajili ya makambi ya wakimbizi, nyingine inaondoka na tani 50 za samaki kwenda Ulaya. Akajiuliza ndege za samaki huja na nini. Swali hilo ndilo uti wa mgongo wa Darwin's Nightmare: sangara aliyepandikizwa ziwani miaka ya 1950 na mwanzoni mwa 1960 akawala furu, viwanda vya minofu, marubani wa ndege za mizigo za Ilyushin, wanawake wa baa, watoto wa mitaani, na tetesi za silaha.

Filamu ilianza safari yake Venice mwaka 2004. Mwaka 2006 ilipata tuzo ya César ya filamu ya kwanza na ikawania Oscar. Mwaka huohuo Rais Jakaya Kikwete aliishutumu katika hotuba yake ya mwisho wa Julai, na maandamano ya kuipinga yakafanyika Mwanza. Huko Ufaransa mwanahistoria François Garçon alidai filamu inadanganya. Sauper alimshtaki kwa kumchafulia jina na akashinda Paris mwaka 2008, kisha kwenye rufaa mwaka 2009. Kwa hiyo mahakamani Sauper yuko safi. Lakini Mwanza haikuwa na kesi. Mwandishi wa habari wa hapa aliyeonekana kwenye filamu aliandamwa na vyombo vya dola, ilhali mwenye filamu alikuwa Ulaya. Kwangu hilo ndilo somo kubwa la kazi hii: hatari humbakia aliye na anwani.

Tulimjibu afisa hivyohivyo, na tukamwambia kwamba watakaorekodiwa wataona vipande vyao kabla ya mtu mwingine. Alipiga muhuri.

Alhamisi, 21 Agosti. Mwalo wa Kirumba

Kufika saa 11 alfajiri. Soko la Mwaloni ndilo kitovu cha dagaa na samaki wakavu wa kanda nzima. Magunia hutoka hapa kwenda Kongo, Rwanda na Burundi, na Kiswahili cha Lubumbashi na Bukavu kinasikika kwenye mizani. Salamu kwanza: "Mwangaluka" kwa Wasukuma, "Shikamoo mama" kwa wenye meza, na uinunue chai ya mtu kabla ya kufungua begi.

Kwa picha, mwanga mzuri ni kuanzia saa 12 na nusu hadi saa 3. Baada ya hapo mabati yanarudisha mwanga mkali kila upande. Kwa sauti, soko hili ni gumu. Kuna mashine za kusaga, spika za matangazo, mikokoteni ya chuma kwenye zege. Maikrofoni ya juu ya kamera haifai hapa hata kidogo. Tulitumia maiki ndogo ya nguoni, ikiwa imebanwa ndani ya mkunjo wa kanga kifuani, kapsuli ikitazama chini ili pumzi isiipige. Tepu ya kitambaa inashikilia waya isisugue. Kanga mpya yenye wanga ina mchakacho mbaya. Mwombe mama aivae ile iliyofuliwa mara nyingi. Kila mahali rekodi dakika moja ya sauti tupu ya eneo, bila mtu kuzungumza, la sivyo mhariri atakosa cha kuzibia mikato.

Vumbi la dagaa ni adui. Ni unga wa magamba wenye mafuta, unaganda kwenye pete ya lenzi na kwenye mlango wa kadi. Usibadilishe lenzi sokoni. Weka moja, ya milimita 24–70, na uishi nayo.

Upande wa mapanki tulikaa muda mrefu. Mapanki ni mifupa ya sangara yenye kichwa na mkia, iliyobaki baada ya kiwanda kutoa minofu. Mama mmoja alikuwa na karai pana kuliko mikono yake ikinyooshwa, mafuta meusi, kuni za mwembe. Anapasua kichwa katikati kwa panga fupi, anakikandamiza kwa chuma hadi kisichezecheze, anahesabu kimya, anageuza. Nyama iliyo shavuni ndiyo inayouza. Aliyeitazama filamu ya Sauper anakumbuka mapanki kama sura ya unyonge, mifupa juu ya vichanja na funza. Hayo alikuwa ameyakuta, hakuyatunga. Ila mama huyu alitaka kusema hesabu zake: ananunua kwa ndoo, anauza kwa kipande, ada za shule zimetoka hapo. Na kibanda cha pili yake walikuwa wanauza sangara mzima wa kuchemsha, mteja ni fundi bomba wa Pasiansi. Kamera inayokaa saa moja kwa mama mapanki bila kugeuka kushoto inasema jambo lisilo kamili, na kosa hilo hutokea kwa kuchagua picha nzuri, bila mtu kukusudia uongo.

Chakula cha mchana: ugali na sato wa kuchemsha, ndimu na pilipili mbichi, 8,000.

*Kwa wanaokuja:* atakayeelekea Sengerema au Geita kutoka hapa hahitaji tena kupanga foleni ya kivuko. Daraja la Kigongo–Busisi, la kilomita 3, lilifunguliwa tarehe 19 Juni 2025.

Ijumaa, 22 Agosti. Uwanja wa ndege kwa mbali, kisha Nansio

Asubuhi tulipita barabara ya uwanja wa ndege bila kutoa kamera. Darwin's Nightmare inaanzia hapa, kwenye mnara, mwongozaji wa ndege akipambana na mdudu dirishani. Sauper ameeleza waziwazi jinsi alivyoingia kusikoingilika: kusafiri kwenye ndege za mizigo akijifanya mmoja wa wafanyakazi wake, kwa vitambulisho vya uongo, vijijini wakadhaniwa wamisionari, viwandani mameneja wakahofia ni wakaguzi wa afya kutoka Umoja wa Ulaya. Hofu hiyo ya viwanda ilikuwa na msingi, kwani kati ya 1997 na 1999 Ulaya ilifunga soko lake kwa samaki wa ziwa hili mara kadhaa, kwa salmonela, kipindupindu, na madai ya uvuvi wa sumu. Siku na usiku mwingi aliumalizia kwenye vituo vya polisi.

Njia ile haifai kuigwa na mtengeneza filamu wa hapa. Mgeni akikamatwa hurudishwa kwao. Mwenyeji ataendelea kuomba vibali ofisi ileile miaka ishirini. Isitoshe, mlinzi au karani aliyekuamini kwa jina la uongo atakosa kazi wewe ukiwa umeshaondoka. Panapohitaji ukweli wa ndani, tafuta nyaraka: taarifa za mizigo, takwimu za wizara, kumbukumbu za Bunge, na mtu aliyekwisha kustaafu ambaye anaweza kuzungumza kwa jina lake.

Kitu cha kuiga kwake ni kingine. Kikosi kidogo sana, kamera ndogo, na kukaa. Alifanya hivyohivyo baadaye: kwa We Come as Friends ya mwaka 2014 alijenga ndege ndogo na wenzake akairusha kutoka Ufaransa hadi Sudan, kipindi Sudan Kusini inapiga kura ya kujitenga ya 2011. Kwa Epicentro, iliyoshinda Sundance mwaka 2020, alikaa Havana na watoto wa mitaa yake. Filamu kubwa nne ndani ya zaidi ya miaka ishirini. Anayedhani kazi hii inalipa haraka aangalie nafasi iliyopo kati ya miaka hiyo.

Meli ya kwenda Nansio, Ukerewe, huchukua saa tatu na zaidi. Tiketi inunuliwe mapema bandarini, Ijumaa hujaa. Kaa upande wa kivuli, funga begi kwenye kiti kwa mnyororo mwembamba, na chukua jaketi okozi kabla hujaambiwa. Watu wa maji haya hawajasahau kuzama kwa MV Bukoba tarehe 21 Mei 1996 wala MV Nyerere iliyopinduka karibu na Ukara tarehe 20 Septemba 2018. Usiulize juu ya Ukara ukiwa na kamera iliyowashwa. Subiri mwenyewe aanze.

Kitinda siku: waya wa maikrofoni ulikatika ndani ya plagi ya XLR wakati wa kushusha mizigo. Plagi hiyo ina pini tatu: ya kwanza ni ardhi, ya pili na ya tatu hubeba sauti. Ikikatika ardhi, utasikia mngurumo wa nguvu; ikikatika mojawapo ya hizo mbili, sauti inakuwa nyembamba na dhaifu. Ya kwetu ilinguruma. Fundi redio jirani na soko la Nansio alikuwa anafunga duka. Alifungua tena, akaweka chuma cha kulehemu kwenye jiko la mkaa kwa sababu umeme ulikuwa umekatika, akachuna waya milimita tano, akapaka risasi, akalehemu, akajaribu kwa mita. Alitaka 2,000. Tukampa zaidi, akarudisha chenji.

Jumamosi, 23 Agosti. Usiku wa dagaa

Tarehe hii ilipangwa tangu Dar kwa sababu ni mwezi mwandamo. Dagaa huvuliwa kwa taa wakati wa giza. Mbalamwezi ikiwa kubwa, taa haivuti kitu na wavuvi hupumzika, hushona nyavu, huenda nyumbani. Mtengeneza filamu asiyetazama kalenda ya mwezi atafika mwaloni akute mitumbwi imeanikwa mchangani.

Makubaliano na tajiri wa mtumbwi: 80,000 kwa nafasi ya watu wawili, na petroli lita 20 juu yetu. Mashine ya nguvu za farasi 15 hula lita 5 hadi 6 kwa saa ikifunguliwa yote, na usiku mwingi inazimwa, kwa hiyo lita 20 zinatosha na akiba. Hatulipi ushuhuda. Tunalipa nafasi, mafuta na muda ambao mtu angeutumia kazini, na tunaandika hivyo kwenye daftari la BMU ili jirani asije akasema mwenzake kanunuliwa.

Tuliondoka saa 1 jioni. Vifaa: kamera moja, lenzi ya milimita 35 yenye uwazi wa f/1.8, betri nne, kadi mbili, mfuko wa kuzuia maji, kamba ya kuifunga kamera mkononi. Mtu wa tatu alibaki nchi kavu na diski, kwa sheria kwamba watu na nakala zote wasiwe chombo kimoja.

Taa hushushwa moja moja juu ya vielea, kisha mtumbwi unasogea kando na kila mtu ananyamaza. Zamani zilikuwa karabai za mafuta ya taa, zenye mvumo usiokoma. Sasa ni LED za betri zinazochajiwa kwa sola. Kwa mtu wa sauti hiyo ni neema kubwa, anasikia maji yakilamba mbao, kikohozi cha mtumbwi wa jirani, redio ya mbali. Kwa mpiga picha ni balaa. LED nyingi huwaka na kuzima kwa kasi ambayo jicho haliioni, na kamera huichora kama mistari inayopanda. Kwa fremu 25 kwa sekunde anza na kasi ya shata ya 1/50 ya sekunde, kisha isogeze kidogo kidogo juu na chini hadi mistari ipotee. Kila aina ya taa ina kasi yake, hivyo chagua taa moja itakayokuwa kwenye picha zako na urekebishe kwa hiyo. Zilizo mbali ziache. Mizani ya rangi nyeupe ya kamera (white balance) iwekwe kwa mkono. Ukiiacha ijiendeshe, uso wa mvuvi utakuwa wa bluu, kisha wa njano, kisha wa bluu, ndani ya sentensi moja.

Mwezi ukiandama, wadudu wa ziwani huibuka kwa mawingu na kufuata taa. Wanaingia mdomoni, kwenye hedifoni, kwenye lenzi. Brashi laini kavu ndiyo dawa. Ukifuta kwa kitambaa unawaponda na mafuta yao yatabaki kwenye kioo usiku mzima.

Baada ya kama saa mbili wavu ulishuka. Wanne wanavuta, mmoja anasogeza taa taratibu katikati ya duara, mwanga unafuatwa na kitu kama moshi chini ya maji, halafu moshi unakuwa fedha. Hapo kuna dakika tatu au nne tu. Usihangaike na pembe nyingi. Kaa kwenye mikono ya mtu mmoja hadi wavu uingie. Nahodha alirudia kitendo hicho mara kadhaa usiku ule, kwa hiyo uso wake ulipatikana awamu ya pili na mtumbwi mzima awamu ya tatu. Uhariri utaviunganisha.

Kilichoharibika: unyevu wa alfajiri. Lenzi iliyotoka kwenye mfuko ikiwa baridi kuliko hewa ya nje iliingia ukungu, na picha za saa 10 usiku ni maziwa matupu. Kamera iachwe nje ya mfuko nusu saa kabla ya kuihitaji.

Jumapili, 24 Agosti. Kunakili na kuanika

Kwa kiwango cha megabiti 100 kwa sekunde, saa moja ni gigabaiti 45. Kadi ya gigabaiti 128 inabeba chini kidogo ya saa tatu. Kila kadi inanakiliwa kwenye diski mbili kwa programu inayolinganisha faili pande zote, si kwa kuburuta tu. Kadi haifutwi hadi diski zote mbili zifunguliwe na klipu ya kwanza, ya katikati na ya mwisho zichezwe. Diski moja ilikaa na mwongozaji, nyingine nyumba ya wageni ya pili, chini ya kufuli. Umeme ulikatika katikati ya kunakili. Kompyuta ilikuwa na chaji, diski zinakula umeme wa kompyuta, hakuna kilichopotea. Diski kubwa inayotegemea soketi ingekatika.

Mchana, wanawake walimwaga dagaa mchangani na wengine kwenye vichanja vya wavu. Wa kichanjani ni safi na bei yake ni bora, ila kichanja kinahitaji mtaji wa mbao na wavu. Mama aliyetueleza hilo alitukaribisha ugali wa muhogo na dagaa wabichi wa kukaanga kwa nyanya, akakataa malipo, na akatufungia machungwa ya njiani.

Jumatatu, 25 Agosti. Sangara, mabondo na ridhaa

Siku nzima kwenye mwalo wa sangara. Anayetaka kueleza siasa ya ziwa hili aanze kwenye mizani: mvuvi hana chombo, chombo ni cha tajiri, tajiri amekopeshwa nyavu na injini na wakala, wakala anauza kiwandani. Bei inashuka ngazi hiyo ikipunguzwa kila hatua. Na siku hizi tumboni mwa sangara kuna mali kuliko nyama: mabondo, mfuko wa hewa wa samaki, yanayonunuliwa na soko la China. Bondo moja lilinyooshwa juani mbele yetu, likang'aa kama karatasi ya mafuta, na watu wanne walinyamaza kulitazama.

Sangara wa chini ya sentimita 50 haruhusiwi, kokoro, wavu wa kukokotwa hadi ufukweni, haliruhusiwi, timba, aina nyingine ya wavu, hairuhusiwi, na vyote vipo. Hapo ndipo ridhaa inapokuwa kazi ngumu, kwa sababu mtu anaweza kujitia hatiani mbele ya kamera yako akicheka. Fomu yetu ni ukurasa mmoja wa Kiswahili: nani anarekodi, kwa kazi gani, itaonyeshwa wapi, na tarehe ambayo kabla yake mtu anaweza kujitoa bila kutoa sababu. Inasomwa kwa sauti, na ridhaa inarekodiwa pia kwa kamera kwa asiyeandika. Sheria ya Ulinzi wa Taarifa Binafsi ya mwaka 2022 imeanza kazi tangu Mei 2023, hivyo karatasi hizo ni wajibu wa kisheria pia. Mtoto harekodiwi uso bila mzazi kuwepo. Kijana mmoja alieleza vizuri sana jinsi timba inavyoingizwa usiku. Tulizima, tukamweleza maana ya aliyoyasema, akaomba tuyaache. Tumeyaacha, ingawa yalikuwa maelezo bora kuliko yote ya safari.

Jumanne, 26 Agosti. Kurudisha picha

Vipande vya dakika 20 vilihaririwa usiku kwa kukata tu, bila muziki. Jioni vilionyeshwa mwaloni: projekta ya lumeni 3,000, shuka jeupe lililonyooshwa kati ya nguzo mbili, jenereta ya kVA 1 umbali wa mita 30 upande ambao upepo unaelekea, waya wa milimita za mraba 2.5. Spika ziwe za betri, maana jenereta ndogo hutia mngurumo kwenye sauti. Anza giza likishika kabisa. Kabla ya saa 1 na nusu hakuna kitakachoonekana.

Wazee waliokuwepo wanaikumbuka ile ya 2004 kwa kusimuliwa zaidi kuliko kwa kuiona. Mmoja aliuliza kwa nini kwenye kipande chetu cha mizani hakuna tajiri anayezungumza. "Mmemsikia mvuvi, sawa. Sasa na huyo mwingine?" Swali ni la haki. Tajiri alikuwa amekaa mstari wa pili, akakubali, na mahojiano yake yalirekodiwa usiku uleule kwa taa ya sola iliyoazimwa kwa wavua dagaa. Mama wa vichanja aliomba sehemu anapotaja deni lake iondolewe. Imeondolewa.

BMU waliachiwa flashi yenye vipande hivyo. Tengeneza faili la mp4 lenye mgandamizo wa H.264, kimo cha pikseli 1080, lisizidi gigabaiti 4, kwenye flashi ya FAT32, kwa sababu televisheni za mabanda ya video hazisomi mifumo mipya. Ijaribu kwenye televisheni ileile kabla ya kuondoka. Ya kwanza ilikataa, ya pili ikakubali. Kurudi tulipita Rugezi, kivuko hadi Kisorya, kisha gari hadi Bunda na Mwanza: njia ndefu kidogo, lakini haikungojeshi siku ya meli, na vivuko vya asubuhi ndivyo vyenye nafasi ya magari.